Ukuta wa Mkwilima

Kila kijana anayekuja kunitembelea siku hizi ananiuliza swali lilelile: "Mama Kemi, unamtambuaje mtu atakayependeza kwenye televisheni?" Anauliza huku kashika simu, tayari kunirekodi, akidhani nitampa dawa ya kupaka usoni. Namjibu kwamba sijui, naye ananuna, anaona bibi anambania. Sibanii, wanangu. Kwa miaka yote niliyofanya kazi ya kutafuta watu wa kuingia kwenye vipindi vya maisha halisi, kuanzia hapa Mwanza hadi kwetu Muleba, nimekosea mara nyingi kuliko nilivyopatia, na nyinyi mtakosea vilevile. Ila kuna nyumba moja kule Buswelu ambayo ningependa muijue kabla hamjaanza kukosea.

Watazamaji hawanijui na sina kinyongo nao. Jina langu lilikuwa linapita mwishoni mwa kipindi, wakati watu wameshainuka kwenda kula. Kazi yangu ilikuwa ya kabla kamera haijawashwa: kuzunguka mitaani, kupata familia, kukaa nayo, kula ugali wake, kujua nani ana presha na nani hasemezani na dada yake, halafu kuipeleka kwa mwongozaji na kumwambia, "Hawa." Kipindi kikipendeza, sifa ni za mwongozaji. Kikiharibika, mnajua nani anaulizwa aliwatoa wapi watu hawa.

Kazi hii nilifundishwa na mtu ambaye hakuwahi kuifanya. Mzee Sadiki alikuwa na studio ya picha karibu na soko, ukuta wake umechorwa milima na maporomoko ya maji ambayo hayapo mkoa huu. Nikiwa msichana nilimfanyia kazi ya kufagia na kuwachana nywele wateja. Mteja akikaa, Mzee Sadiki alikuwa anajifanya kamera imegoma. Anaipekua, anaipuliza, anailaani, na wakati huo jicho lake liko kwa mteja. Siku moja akaniambia, "Mtu akijua anapigwa picha anakuwa sanamu. Akisubiri, anarudi kuwa yeye. Mimi namngoja arudi." Mpaka leo sijasikia maneno ya maana zaidi kuhusu kazi yetu, na nimehudhuria semina nyingi zenye chai na sambusa.

Mbinu hiyo niliigeuza kidogo. Nikiita familia kwa mahojiano, nilikuwa napunguza kiti kimoja. Wakija watano, viti vinne. Halafu najifanya natafuta karatasi kwenye mkoba. Yupo anayewahi kukaa. Yupo anayemvuta mwenzake wakae nusunusu. Yupo baba anayesimama na kudai kwamba alikuwa amechoka kukaa. Nikimaliza kutafuta karatasi yangu, ambayo haikuwepo, nilikuwa nimeshajua nusu ya nyumba yao. Jaribuni. Ni rahisi na haihitaji umeme.

Wasemaji wakubwa niliwaogopa. Kulikuwa na muuza nyama mmoja wa Mkolani, buchani kwake watu walikuwa wanapanga foleni hata bila shida ya nyama, kusikiliza tu porojo zake. Nikasema nimepata lulu. Taa zikawashwa, kamera ikamwelekea, mtu yule akakauka. Akaomba maji. Akanywa. Kisha akaanza kumzungumzia mkewe kwa sauti ya msoma taarifa ya habari: "Mke wangu alizaliwa wilayani Magu, ambako alipata elimu yake ya msingi." Mkewe aliyekaa pembeni alicheka mpaka akatoka nje. Debe tupu haliachi kuvuma, lakini hata debe lililojaa linaweza kunyamaza likiona taa. Siku hizi mnaletewa video za simu, mtu kajirekodi mara kumi na kuwatumia ile iliyo nzuri. Mnamwona aliyejichagua mwenyewe. Nendeni nyumbani kwake, mkanywe maji ya kwenye kikombe chake.

Na ndivyo nilivyofika Buswelu. Kipindi tulichokuwa tunakitengeneza kilikuwa kinafuata familia za kawaida, kila familia na sehemu yake, na mwongozaji wetu alikuwa kijana kutoka Dar es Salaam anaitwa Fadhili. Msimfikirie vibaya Fadhili. Alikuwa na moyo mzuri, na haraka ya watu wa Dar. Alikuwa ameniambia, "Mama Kemi, nataka nyumba ambayo watu wanapendana lakini kuna kitu kati yao." Nikaenda Buswelu kutafuta familia nyingine kabisa, nikakuta mlango wao umefungwa. Nikaomba maji nyumba ya jirani, nyumba ya matofali ya saruji ambayo ilikuwa haijapigwa plasta.

Nikiwa uani, nikamsikia mwanaume ndani anasema kwa adabu kubwa, "Wewe mlango, mwambie mama uji upo kwenye kigoda. Mwambie unywewe ungali moto."

Nikangoja mlango ujibu. Sauti ya mwanamke mtu mzima ikatoka chumba cha nyuma, "Kuku, mwambie mkwilima wabeja sana, nashukuru. Mwambie sukari alizidisha jana."

"Mlango, mwambie mama leo nimepunguza."

Kuku mwenyewe alikuwa uani na mimi, anaparua takataka, hana habari kwamba ni mjumbe. Nilicheka peke yangu mpaka maji yakanimwagikia.

Mwanaume yule alikuwa Masanja, fundi ujenzi, mtu wa makamo, mpole, mikono imechanika kwa saruji. Mama aliyekuwa chumbani alikuwa mama mkwe wake, Mama Kabula, aliyevuka ziwa kwa kivuko kutoka Sengerema. Kabula, mke wa Masanja na mtoto pekee wa yule mama, alikuwa amekwenda kufanya kazi Oman. Mtoto wao mdogo alikuwa Magu, kwa bibi mzaa baba. Mama Kabula alikuwa na kidonda kwenye mguu ambacho kilikataa kupona, na waganga wa zahanati walimwelekeza aje kliniki ya mjini asafishwe kidonda mara kwa mara. Hakuwa na nyumba nyingine ya kufikia. Kwa hiyo mkwilima, yaani mume wa binti, na mama mkwe walijikuta chini ya bati moja, wawili peke yao, kitu ambacho Wasukuma wa zamani wangesikia wangeziba masikio.

Kwa Wasukuma waliolelewa kama yule mama, mkwilima na mama mkwe hawatazamani usoni. Hawapeani mikono, hawali pamoja, wakikutana njiani mmoja anapisha pembeni. Si chuki hata kidogo. Ni heshima, na ni kubwa kiasi kwamba inawekewa nafasi. Kwetu Muleba pia tunawaheshimu wakwe, lakini sisi tunaheshimu tukiwa tumekaa meza moja, tukiwa na maneno mengi. Pale Buswelu kati ya sebule na chumba cha mama hapakuwa na mlango, palikuwa na pazia tu, vitenge viwili vilivyoshonwa pamoja, zito kama blanketi. Masanja alikuwa anapika, anaweka chakula kwenye kigoda mbele ya pazia, anakohoa, anatoka nje. Mama anasubiri, anakohoa naye, anavuta chakula. Kwa kuwa hapakuwa na mtoto wa kutumwa, walitumana vitu: mlango, kuku, sufuria, siku nyingine redio. Kumwosha na kumfunga bandeji ilikuwa kazi ya mama jirani, ambaye pia ndiye aliyemsindikiza kliniki.

Nilirudi pale mara kadhaa bila kutaja televisheni. Halafu nikataja. Masanja alikataa palepale. Mama Kabula, kutoka nyuma ya pazia, akauliza, "Kabula ataniona huko aliko?"

Nikamwambia kipindi kinaonekana hata kwenye simu, ataona.

"Basi aone kwamba nakula vizuri. Kila akipiga simu analia, anafikiri nadanganya."

Tukapatana. Mama atapigwa picha uani tu, Masanja akiwa kazini. Sebuleni atapigwa Masanja, na mama atasikika sauti yake. Chumbani kwake kamera haitaingia. Hayo niliyarudia mbele ya Fadhili na mbele ya watu wote wa kazi, na wote wakaitikia.

Fadhili aliipenda nyumba ile mpaka akawa hali chakula. Lakini kichwani mwake alikuwa na mwisho wake tayari. "Mama Kemi, fikiria," akaniambia, "siku ya mwisho, pazia linafunguliwa. Wanatazamana. Wanakumbatiana. Tanzania nzima inalia."

"Tanzania italia," nikamwambia, "na yule mama atavuka kesho yake kurudi Sengerema. Kule hakuna wa kumpeleka kliniki. Muuguzi ameshasema kidonda kikiachwa kitafika kwenye mfupa, na kikifika kwenye mfupa mguu unakatwa. Unataka mkumbatio au unataka mguu?"

Akasema, "Sitawalazimisha. Lakini labda wenyewe watafungua." Vijana, neno hilo "labda wenyewe" linaharibu vipindi vingi. Ukishatamani mtu afanye jambo fulani, macho yako yanaanza kumsukuma, hata kama mdomo umefungwa. Lakini namtendea haki Fadhili: pazia lile hakuligusa.

Aliyeligusa ni Joha, na aliligusa kwa mapenzi. Joha alikuwa msichana wa hapahapa mjini, fundi wetu wa mapambo na mavazi, familia yao washonaji tangu enzi za babu yake. Hakuweza kuona kitambaa kichakavu akatulia. Aliona vitenge vile vimepauka, akasikitika, akaenda kununua pazia jeupe la shifoni lenye maua madogo, akalishona pindo kwa mkono, akamletea mama kama zawadi. Mama Kabula alilipapasa kwa vidole akasema ni zuri, linafaa harusi. Lile la zamani likafuliwa likaanikwa uani. Wote tuliliona lile jeupe likining'inia pale mlangoni, tukasema sebule imependeza. Mchana, bila taa, lilikuwa linaficha vizuri tu.

Hili ni la ufundi, liandikeni. Kitambaa hakijaribiwi kwa macho, kinajaribiwa taa ikiwa imewaka, na taa zote, siyo moja. Siku ile Masanja alikuwa amekaa sebuleni kwa ajili ya mahojiano, akitazama upande wa pazia, kamera ikiwa ubavuni mwake. Fundi taa aliona nyuma kuna giza. Chumbani haruhusiwi kuingia, anajua, kwa hiyo akafanya jambo la akili: akasimamisha taa nje ya dirisha la chumba cha mama, imulike ndani kidogo, ili pazia lipate uhai. Mama alikuwa amekaa kitandani, ameambiwa kazi yote iko sebuleni, amefungua bandeji taratibu akimsubiri jirani. Taa ikawashwa.

Pazia likapotea. Sijui nisemeje zaidi ya hapo. Maua madogo yakabaki hewani na nyuma yake mama mzima akaonekana, khanga imepandishwa juu ya goti, mguu uko wazi na kidonda chake, kichwa hakina kitambaa. Akainua uso kwa mshangao wa ile taa, akakutana na macho ya mkwilima wake, na ya Fadhili, na ya mpiga picha.

Hakupiga kelele. Alivuta blanketi akajifunika kuanzia kichwani, akageukia ukuta. Masanja aliinuka akatoka nje kama mtu aliyemwagiwa maji ya moto. Joha alikuwa ameweka mikono mdomoni. Nikamwambia fundi taa azime, akazima, na pazia likarudi kuwa zuri kama lilivyokuwa.

Mama jirani aliingia chumbani kwa mama, akakaa naye, akatoka na maneno machache. "Anasema kesho anavuka."

Niliingia mimi. Nilipiga magoti kando ya kitanda, mwanamke mwenye wajukuu, nikamwomba. Nikamwambia ni bahati mbaya, hakuna aliyekusudia. Akasema kutoka ndani ya blanketi, "Najua. Yule binti ana moyo safi, msimgombeze." Nikamwambia kuhusu mguu, kuhusu muuguzi, kuhusu mfupa. Akasema, "Ng'wanone, mwanangu, mguu ni wangu. Lakini aibu ni ya Kabula. Nitakaaje kwenye nyumba ya mume wake wakati ameniona namna hii? Kila akiniwekea uji atakuwa anakumbuka." Nilikuwa nimezoea kuwashawishi watu wafanye mambo, ndiyo kazi iliyonilisha, na mbele ya yule mama ushawishi wangu wote uliisha kama mshumaa. Niliona uchungu ambao sijauona tena.

Fadhili alikuwa nje ya dirisha, anaomba radhi. Mama alimsikiliza mpaka mwisho akamjibu kwa upole, "Nimekusamehe, baba. Kesho navuka."

Nikamfuata Masanja. Alikuwa amekaa juu ya matofali yaliyobaki kwenye ujenzi, nyuma ya nyumba, anatazama chini. Nikamwambia kwa hasira kidogo, maana mimi nikiogopa huwa nakasirika, "Nenda ukaseme neno. Hata kupitia kwa mlango. Hata kupitia kwa huyo kuku. Akiondoka huyu mama mguu unakwenda."

"Niseme nini, mama? Neno halifuti jicho."

"Basi utakaa tu?"

Akainuka, akaenda kwenye ukuta wa nyuma, ule wa chumba cha mama, akaupapasa. Akagonga kwa ngumi hapa na pale, akisikiliza. Akaingia stoo akatoka na tindo, nyundo na timazi. Fadhili alinitazama, mimi nikamtazama yeye. Masanja akachora kwa mkaa mstari wa mlango ukutani, kisha akakohoa, kikohozi kile cha kuaga kigoda, akasema kwa sauti iliyofika ndani, "Wewe ukuta, mwambie mama asogeze kitanda. Vumbi litakuwepo."

Akaanza kutoboa.

Mama Kabula alikaa kimya chini ya blanketi lake katika kelele zote zile. Jirani alimsogezea kitanda, yeye akiwa juu yake. Tofali la kwanza likatoka, mwanga ukaingia. Masanja alikuwa anafanya kazi kwa ubavu, uso ameuelekeza uani, anapapasa tofali kwa mkono kama kipofu. Fundi yule alitoboa mlango mzima bila kutazama ndani hata mara moja. Matofali aliyoyatoa akayapitisha kwa nje, akazunguka nayo sebuleni, akayapanga chini ya pazia jeupe. Hapo ndipo nilipoelewa. Alikuwa anamtolea mama mlango wake mwenyewe wa kutokea uani, na pale palipokuwa na pazia alikuwa anajenga ukuta.

Fadhili alivua saa yake, akakunja mikono ya shati, akaenda kuchanganya saruji. Hakujua kuchanganya. Masanja alimwelekeza, kidogo maji, kidogo mchanga. Mpiga picha alibeba matofali. Joha alilishusha lile pazia mwenyewe, analia, na ukuta ulipofika kifuani aliruhusiwa kuziba viungo kwa mwiko mdogo. Kamera ilikuwa imelala ndani ya boksi lake na hakuna aliyeikumbuka.

Ukuta ulipofika juu ya kichwa cha mtu, Masanja akasimama, akafikiri. Akaweka tofali moja la matundu, yale tunayotumia kupitishia hewa. Nikamuuliza la nini, kwa kuwa alishaamua kuziba.

"Akianguka nisikie," akasema.

Jua lilikuwa linaelekea kuzama, mlango mpya una fremu, bado haujawekwa ubao. Masanja alikuwa anapima kizingiti cha chini. Hapo sauti ikatoka chumbani, ile sauti ambayo hatukuwa tumeisikia tangu asubuhi.

"Kuku," ikasema, "mwambie huyo fundi kizingiti akishushe. Mguu wangu haupandi juu namna hiyo."

Masanja aliinamisha kichwa juu ya kizingiti. Alikaa hivyo kwa muda, akijifanya anapima. Kisha akavunja kizingiti akakijenga upya, chini zaidi. Mama jirani alipiga kigelegele ambacho nadhani kilisikika mpaka Mkolani, na mimi, ambaye siku zote nilijigamba kwamba silii kazini, nililia hadharani.

Asubuhi yake Fadhili alikuja na ombi, akiwa amesimama mbali, uani, kofia mkononi. Aliomba ruhusa ya kupiga picha. Siyo ya lile tukio la taa. Hilo alikuwa ameshalifuta mbele yangu, bila kuambiwa. Aliomba kuupiga picha ukuta. Mama Kabula alikuwa amekaa mlangoni kwake mpya, kichwa kimefungwa vizuri, anaota jua. Akafikiri akasema, "Ukuta pigeni. Kabula aone mumewe amenijengea."

Ndiyo sehemu iliyorushwa. Wakubwa wa Dar walilalamika. Walisema hakuna mkumbatio, hakuna machozi, watazamaji watauliza tatizo liko wapi. Fadhili aliitetea mpaka ikapita. Wengine waliipenda, wengine walihamisha stesheni, kama kawaida. Kabula alipiga simu kutoka Oman, akalia tena, lakini mama alisema safari hii kilio kilikuwa na sauti nyingine. Nyinyi mnaotafuta watu wa kuweka kwenye kioo, mtafundishwa kwamba mapenzi ni sura mbili zinazotazamana karibu. Mara nyingi ni kweli. Lakini kaeni na watu kwanza mjue wao wanapendana kwa namna gani, maana kamera haitawaambia.

Mguu ulichukua muda. Ulifunga polepole, ukasumbua, ukafunga tena. Nilikuwa namtembelea hata baada ya kipindi kuisha, na siku muuguzi alipomwambia kwamba bandeji basi, alinipigia mimi baada ya Kabula. Akaniomba nimsindikize kivukoni, kwa sababu hakutaka kuvuka bila mwanamke wa kumshika mkono.

Siku hiyo kivukoni palikuwa na watu kweli. Mizigo, pikipiki, wauza mayai, wanaume kwa makumi wamebeba mabegi, kila mmoja anawahi. Masanja alikuwa ametangulia na begi la mama. Mimi nilimpoteza mara moja. Nikaanza kuhangaika, nageuka huku na huku, namwambia mama tusimame, tutapotezana naye na tiketi anazo yeye.

Mama Kabula alinishika mkono akacheka. "Tulia, ng'wanone. Kusema kweli sura yake siijui vizuri. Ukiniwekea picha yake na za wanaume wengine wawili naweza kukosea. Lakini kila siku, akishaniwekea chakula pale mlangoni, huwa anaondoka, na mimi namtazama anavyoondoka. Mgongo huo siwezi kukosea."

Akaonyesha kwa kidevu. Mbele yetu, katikati ya watu wote waliokuwa wanasukumana kuwahi, alikuwepo mwanaume mmoja mwenye begi begani, hageuki nyuma hata kidogo, anatembea polepole sana, polepole kwa kadiri ya mguu uliopona juzi. Waliomkuta njiani walimpita wakimlaumu. Tukamfuata.